Muhula wa Kulaza Mfalme

Jumatatu, 4 Machi

Muhula umeanza na mvua imeanza, na hakuna aliyeniomba ushauri. Chumba tulichopewa cha sataranji kilikuwa stoo ya vifaa vya michezo, na bado kinanuka mipira iliyoisha upepo. Meza ni sita, moja ina mguu mfupi. Kete hazijatimia: farasi mmoja mweusi ni kifuniko cha chupa ya dawa ya kikohozi, na askari wawili ni vipande vya chaki. Wanafunzi wameshavizoea. Mimi niliyecheza miaka mingi kwenye kumbi zenye mazulia bado sijazoea kushambuliwa na kifuniko.

Mwalimu wa michezo, ambaye ofisi yake inapakana na chumba chetu, ameniuliza tena mbele za watu kwa nini bingwa mkuu mzima aliacha mashindano akaja kufundisha watoto. Nikamjibu kwamba nilizeeka. Akacheka, akasema sataranji watu wanacheza wamekaa, uzee unaingilia wapi. Sikuwa na nguvu za kumweleza. Ukweli ni kwamba nilichoka kuona mwisho. Ukishakuwa na macho yale, mchezo haujafika katikati na wewe umeshajua utaishaje. Kinachobaki ni kukaa pale umsubiri mwenzako naye ajue. Siku za mwisho nilikuwa nakubali sare mapema, naenda zangu hotelini kulala.

Jioni mke wangu ameniambia amepewa uhamisho. Yeye ni mkunga, na hospitali moja huko milimani inamtaka akaongoze wodi ya wazazi. Akikubali, anaondoka mwisho wa Aprili. Alikuwa anamenya viazi, na aliposema hakuniangalia.

"Hongera," nikamwambia. "Nenda."

"Basi?"

"Unastahili. Mimi nilikwenda mara ngapi?"

Akaendelea kumenya. Mimi nilishaona mambo yalivyo. Miaka yote ya safari zangu alibaki hapa, binti yetu akamlea karibu peke yake. Sasa nimerudi nimejaa sebuleni kama kabati, na yeye anatafuta pa kupumulia. Mtu mwenye adabu hamchoshi mwenzake kwa mchezo uliokwisha. Nikachukua kisu kingine, tukamaliza viazi pamoja.

Alhamisi, 7 Machi

Mvua. Natafuta sweta langu la kijivu, silioni.

Jumatano, 13 Machi

Leo nimefundisha adabu ya kushindwa. Nimewaambia kwamba mchezaji mzuri anajulikana kwa jinsi anavyoshindwa. Ukiona huna njia, usimkalishe mwenzako bure. Unamlaza mfalme wako ubaoni, taratibu, unasimamisha saa, unampa mkono. Nimewaonyesha jinsi ya kumlaza. Kuna watu wanamwangusha kwa kidole kama wanafukuza nzi, na huo ni ushamba.

Profesa alielewa papo hapo. Ni kijana wa kidato cha nne, miwani kubwa kuliko uso, na ndiye mchezaji pekee wa kweli niliyenaye. Anaona mbali. Ananikumbusha mimi wa umri ule, na sijui kama hilo ni la kumpongeza.

Tatizo ni Kupe. Huyu ni binti wa kidato cha pili, na jina hilo wenzake wamempa kwa sababu akishika ubao haachii. Leo alicheza na Profesa. Akaliwa malkia, akaliwa ngome, akaliwa kila kitu mpaka akabaki na mfalme mtupu, na bado anazunguka naye ubaoni kama mtu aliyepotelewa na ufunguo. Kengele ilishalia na wenzake walishakwenda kula. Profesa anapiga miayo kwa heshima, mkono mdomoni.

"Binti," nikamwambia, "maji yakimwagika hayazoleki."

"Ya kwangu bado yako kwenye ndoo, Mwalimu."

"Ndoo yenyewe iko wapi? Umebaki na mfalme peke yake. Umeshindwa."

Akaniangalia bila ujeuri wowote, na hilo ndilo lililoniudhi zaidi. "Sasa Mwalimu, nitajuaje nimeshindwa kabla sijashindwa?"

Nikamwambia atajua akikua. Akafungwa dakika chache baadaye, akasema "kumbe" kwa sauti ya mtu aliyeonyeshwa kitu kizuri, akaenda kula.

Jumapili, 17 Machi

Mke wangu ameleta maboksi matupu kutoka stoo ya dawa ya hospitali. La kwanza ameshalijaza, liko chini ya dirisha la chumbani, limefungwa kwa kamba. Sikuuliza kuna nini. Nimemsaidia kukaza fundo.

Jumanne, 19 Machi

Paa linavuja juu ya meza ya tatu. Tumeweka ndoo. Kupe amesema, "Hiyo hapo, Mwalimu," na darasa zima limecheka. Mimi nimecheka baadaye, niko njiani peke yangu.

Jumatatu, 25 Machi

Mwalimu mkuu ametangaza kwamba shule ya ng'ambo ya mto watakuja kucheza nasi Jumamosi ya mwisho ya Aprili. Amesema ana imani na mimi. Sikumwomba anipe mzigo huo.

Sweta bado. Nimepekua hata kapu la nguo chafu. Nimemuuliza mke wangu, akasema, "Litakuwepo tu."

Jumamosi, 30 Machi

Binti yetu amepiga simu kutoka anakofanya kazi. Kwa kawaida ananisalimia na kuomba kuongea na mama yake. Leo alinitaka mimi.

"Baba, umemwambia nini Mama?"

"Kuhusu uhamisho? Nimemwambia aende."

"Hivyo tu?"

"Na hongera."

"Baba, wewe," akasema.

"Ulitaka nimzuie? Baada ya yote aliyonivumilia?"

"Sijasema umzuie."

"Sasa umesema nini?"

"Sijui, Baba. Wewe ndiye bingwa."

Mama yake ananiita hivyo pia, Bingwa, tangu tulipooana. Zamani alikuwa analisema akicheka. Nimegundua leo kwamba ni muda sasa hajaniita chochote. Ananiambia "chakula tayari" na "mlango haujafungwa", kama tangazo la stesheni.

Jumatano, 3 Aprili

Nimechelewa kurudi kwa sababu ya Kupe, ambaye alikuwa anashindwa polepole na mvulana wa meza ya pili. Nilikuta mke wangu ameshakula, lakini hajaondoka mezani. Akanipakulia, akakaa.

"Wanasema huko milimani kuna baridi," akasema.

"Ndiyo, wanasema."

"Mtu asipokuwa na nguo nzito anaumwa."

"Utapata koti zuri tu," nikamwambia. "Usijali."

Akaniangalia kama anavyowaangalia wanafunzi wake wa ukunga wakishika kipimajoto kichwa chini. Kisha akainuka akaosha sahani yangu kabla sijaimaliza.

Nimechoka. Nasema hivi kila siku na ni kweli kila siku. Sijui ananitaka niseme nini. Kama nitamlilia abaki, nitakuwa nimemnyang'anya kitu alichosubiri maisha yake yote. Nikimwambia nataka kwenda naye, nitakuwa namfuata mtu anayenikimbia. Nimezipima njia zote na zote zinaishia pale pale. Nampenda, na ninamlazia mfalme kwa sababu hiyo. Najua anaona hivyo pia, ila hana ujuzi wa kulisema.

Jumanne, 9 Aprili

Mvua, baridi. Sina sweta. Nimevaa koti la suti kufundishia. Mwalimu wa michezo ameniuliza harusi ni ya nani.

Jumatatu, 15 Aprili

Maboksi sasa ni matano. Amepeleka barua ya kukubali. Aliniambia akiwa anafunga viatu, mgongo umenielekea, nami nikasema vizuri.

Darasani nimemtoa Kupe kwenye timu. Sina ugomvi naye. Nimefikiria tu wageni watakaokaa hapa mpaka jioni wakimsubiri.

Jumanne, 16 Aprili

Sweta limerudi. Limekunjwa vizuri kabatini, juu kabisa, pale pale nilipotafuta wiki zote hizi. Linanuka maboksi. Nikamuuliza lilikuwa wapi.

"Lilikuwepo," akasema.

Nimelivaa siku nzima. Ni jambo dogo lakini limenifurahisha. Yeye hakuwa na furaha. Alilala mapema, ameelekea ukutani.

Jumatatu, 22 Aprili

Mchezaji wa meza ya sita ana homa. Itabidi Kupe arudi. Nimemwambia, naye hakuuliza kwa nini alitolewa wala kwa nini amerudishwa. Ameuliza tu kama wageni nao wana kete za chaki.

Jumamosi, 27 Aprili

Nataka kuiandika siku hii kama ilivyokuwa, ingawa miguu inaniuma na ningependa kulala.

Wageni walifika na basi lao, wamevaa fulana za rangi moja. Mwalimu wao ni kijana mmoja aliyenisalimia kwa mikono miwili, akasema alisoma michezo yangu akiwa mtoto. Nikaona aibu kwa ajili ya ndoo. Mvua ilikuwa inapiga bati, na kila tone lililoanguka kwenye ndoo lilisikika, kwa sababu watoto wakicheza sataranji kwa kweli chumba kinakuwa kimya kuliko msikiti.

Sitaeleza meza zote. Tulishinda mbili, tukashindwa moja, moja sare. Zikabaki mbili: ya Profesa na ya Kupe.

Profesa alikuwa ameanza vizuri, kisha akakosea hesabu mahali, akapoteza malkia. Mpinzani wake, binti mrefu aliyekuwa anatafuna kalamu, alibaki na malkia wake. Profesa alibaki na mfalme aliyebanwa kwenye kona, askari mmoja aliyezibwa mbele, na ngome moja. Nilikuwa nimesimama ukutani karibu na ndoo. Nilitazama ubao, na nikaona.

Niliona sare. Mfalme wa Profesa hakuwa na mraba wa kukanyaga, na askari wake hakuweza kusogea. Kilichobaki kikitembea ni ile ngome tu. Kwa hiyo alihitaji kuitoa sadaka: kuipeleka ubavuni mwa mfalme wa yule binti, imtishe. Akiila, Profesa hana hatua yoyote, wala mfalme wake hajashambuliwa, na sheria inasema hiyo ni sare. Asipoila, ngome inamfuata, inamtisha tena, inamfuata, mpaka achoke. Ni hila ya zamani na nzuri, na moyo wangu ulidunda jinsi ambavyo haukuwa umedunda kwa miaka mingi. Sheria inamkataza mwalimu kusema lolote, hata kukohoa. Nikasimama tu.

Profesa aliinua macho, akaniangalia.

Sijui aliangalia kwa muda gani. Mimi nilimwangalia pia, na ndani yangu nilikuwa napiga kelele, ngome, mwanangu, ngome. Kisha akashusha macho, akavua miwani, akaifuta. Akamshika mfalme wake kwa vidole viwili, akamlaza ubaoni, taratibu, bila kelele, kama nilivyomfundisha. Akasimamisha saa. Akampa yule binti mkono.

Nilimfuata nje, kwenye baraza.

"Kwa nini umelaza?"

"Ilikuwa imekwisha, Mwalimu."

"Nani amekuambia?"

Akashangaa. "Wewe. Nilikuangalia usoni. Nikaona umeshachoka na mchezo, nikajua umeshaona mwisho. Nikasema nisiwakalishe watu bure."

Nikamwonyesha hila ya ngome kwa kidole, kwenye vumbi la ukingo wa baraza. Aliielewa kabla sijamaliza. Hakulia, ni mkubwa, lakini miwani ilianza kuingia ukungu.

"Kumbe uliiona," akasema.

"Niliiona."

"Uso wako haukusema, Mwalimu. Mimi nilidhani uso ule ni wa mtu aliyekata tamaa."

Nilitaka kumwambia kwamba huu ndio uso nilionao. Nilijifunza kuufunga nikiwa kijana, ili mpinzani asisome kitu, na ulinisaidia sana. Sasa umekwama. Nikifurahi, nikiogopa, nikipenda, kinachoonekana nje ni mzee anayesubiri basi. Sikumwambia hayo yote. Nilimwambia kosa ni langu na nikamshika bega, na yeye, kwa kuwa ana adabu, alinifariji mimi.

Tuliporudi ndani Kupe alikuwa bado anacheza. Alikuwa na mfalme na kifuniko cha dawa ya kikohozi. Wageni wote walikuwa wamesimama wanamtazama, na mwalimu wao alishaanza kuangalia saa ya mkononi. Nilivuta kiti, nikakaa karibu, na kwa mara ya kwanza muhula huu sikutaka amalize. Alifungwa hatimaye. Alikagua ubao kila upande, kuhakikisha, kisha akatoa mkono huku anatabasamu.

"Leo nimechelewa kufungwa kuliko siku zote, Mwalimu."

"Nimeona," nikamwambia.

Tumeshindwa kwa tofauti ya pointi moja. Profesa angecheza ile ngome, tungetoka sare. Mwalimu mkuu amesema si neno. Mwalimu wa michezo ametuletea soda, na safari hii hakutania.

Nikiwa narudi nyumbani, nimefika kwenye kona ya duka la vitabu, nilisimama katikati ya mvua kama mjinga. Nilikumbuka jikoni, Machi, viazi. Mke wangu alisema, "Basi?" Na mimi nilikuwa nimeuvaa uso ule ule.

Jumapili, 28 Aprili

Alikuwa chumbani anafunga boksi la mwisho kwa selotepu. Nilisimama mlangoni. Nilikuwa nimepanga maneno, na yote yalikuwa mabaya.

"Sitaki uende peke yako," nikasema.

Selotepu ikasimama. "Unasemaje?"

"Nasema nataka kuja. Muhula ukiisha nije. Kama utakubali."

Alikaa kitandani. Hakufurahi, na siandiki kwamba alifurahi. Alikuwa na hasira, na nadhani ilikuwa hapo muda mrefu ikisubiri kiti.

"Leo ndiyo unasema? Keshokutwa naondoka, leo ndiyo unasema?"

"Nilidhani unataka kupumzika, uwe mbali na mimi."

"Nani alikuambia?"

"Niliona mwenyewe."

"Uliona." Akatikisa kichwa. "Mimi nilikuambia ile habari ili uniulize, Bingwa. Uniulize tu. Tutakwendaje, tutakaa wapi, nyumba hii tumwachie nani. Ukaniambia hongera, nenda, kama unamuaga mpangaji. Nikasema labda hajaelewa. Nikakwambia kuna baridi. Ukaniambia ninunue koti."

"Nilidhani unasema koti lako."

"Sweta lako lilikuwa humu ndani," akasema, akapiga boksi la kwanza, lile la chini ya dirisha, kwa kiganja. "Tangu mwezi wa tatu. Kitu cha kwanza nilichoweka kando nikifungashe, hata kabla sijaleta maboksi, wewe na baridi yako. Nikawa nakusikia unalitafuta nyumba nzima, nasema atafungua boksi, ataliona, ataelewa, ataniuliza. Hukufungua. Ukakaza fundo. Nilipopeleka barua yangu na wewe ukasema vizuri, nikalitoa nikalirudisha kabatini."

Nilikuwa nimelivaa wakati anasema hayo. Nilisimama pale na sweta mwilini, na kwa miaka yote niliyocheza sikumbuki kupigwa na hatua ambayo sikuiona kiasi kile.

"Sasa nimechoka kusubiri," akasema, kwa sauti ya chini. "Nimechoka kweli."

Hapa ndipo ninapojua kusimama na kutoa mkono. Nilizijua hatua zote zinazofuata: atasema tutazungumza, hatutazungumza, nitambebea maboksi mpaka kwenye gari. Nilizifuata mpaka mwisho kama kawaida yangu. Halafu nikamkumbuka yule mtoto na kifuniko chake.

Nikaketi sakafuni, karibu na boksi.

"Sijaondoka," nikasema.

"Nakuona."

"Nakuja."

"Na shule yako?"

"Huko hakuna watoto?"

"Huko hakuna atakayejua kwamba wewe ni bingwa. Utakuwa mume wa mkunga."

"Sawa."

"Utachoka."

"Nimeshachoka. Nitakuja hivyo hivyo."

Pumzi ikamtoka puani, nusu ya kicheko, akaigeuza kikohozi. Hakusema ndiyo. Aliinuka akaenda dirishani, akawa anatazama mvua. Mimi nikafungua lile fundo nililolikaza mwenyewe mwezi wa tatu, nikavunja ukucha mmoja nikilifungua. Nikavua sweta, nikalikunja vibaya, nikaliweka juu ya vitu vyake. Alikuwa amegeuka, ananiangalia.

Akaja, akainama juu ya boksi, akalichukua. Nikasubiri. Akalikunja upya, vizuri, mikono ndani, akalirudisha, akafunga.

Jumanne, 30 Aprili

Ameondoka asubuhi. Mvua. Darasani baridi, na sina sweta. Nimefundisha na koti la suti. Mwalimu wa michezo ameuliza tena harusi ni ya nani, nikamwambia ni yangu.